Tangazo la Tatu

Siku mwanawe alipowekwa wakfu kuwa askofu, Mama Dobi alipewa kiti cha mbele kabisa, chenye mto mwekundu, na juu yake karatasi iliyoandikwa "Mama Mzazi". Vijana wa mapokezi walimshika huku na huku kama wanabeba yai. Alikaa. Aliwaona maaskofu wakimzunguka mwanawe na kumwekea mikono mpaka kichwa chake kikapotea chini ya viganja. Alimwona akivishwa joho ambalo yeye mwenyewe alikuwa amelitia wanga na kulipiga pasi, mikono ya joho imejaa mikunjo midogomidogo iliyosimama wima. Mpaka hapo mambo yalikuwa mazuri, na machozi yalimlengalenga kama mama yeyote.

Kisha ukasomwa wasifu wa askofu mpya. Bwana mmoja mwenye sauti nene alikohoa, akasoma kwamba Baba Askofu alizaliwa katika familia ya hali ya chini na kulelewa na mama mcha Mungu. Basi. Kutoka hapo akaruka moja kwa moja mpaka shule ya msingi, akaendelea na vyeti na safari za ng'ambo. Baba hakutajwa hata kwa bahati mbaya. Ungedhani mtoto aliokotwa kwenye beseni la nguo. Mama Dobi aligeuza shingo kumtazama mwanawe, na mwanawe alikuwa anatazama sakafu.

Machozi yakakauka papo hapo. Na ulipofika wakati wa kushiriki Meza ya Bwana, safu ya mbele ndiyo iliyoanza kuinuka. Mkwewe, mke wa askofu, alimwinamia akasema, "Mama, twende," kwa kusahau, kisha akakumbuka na uso ukambadilika. Kwa maana mama mzazi wa askofu alikuwa hashiriki. Alikuwa ametengwa na Meza tangu mimba ya huyo huyo askofu.

Mama Dobi alichukua mkoba wake. Watu wote walikuwa wanakwenda mbele, yeye peke yake akaenda nyuma, akipishana nao bega kwa bega katika kanisa kuu lile refu, mpaka akafika benchi la mwisho karibu na mlango, wanakokaa waliotengwa na wenye watoto wanaolialia. Kijana wa mapokezi alimkimbilia, jasho linamtoka.

"Bibi, kiti chako kiko kule mbele."

"Kwangu ni hapa," alisema. "Wewe nenda kamwangalie Baba Askofu wako."

Sababu ya kutengwa kwake ilimtia hasira kila alipoikumbuka, na aliikumbuka kila Jumapili. Alipokuwa msichana alipendwa na dereva wa lori, mwanamume mrefu, mcheshi, asiyejua kunong'ona. Wazee wa pande zote mbili walikwisha kaa na kukubaliana. Wawili hao walikuwa wanaishi chumba kimoja nyuma ya mashine ya kusaga, wanaitana mume na mke, na hakuna jirani aliyewaita vingine. Mimba ilipoanza kuonekana wakasema, haya, twende kanisani tukabarikiwe, na kasisi wa wakati huo akakubali.

Katika kanisa lao ndoa hutangazwa Jumapili tatu mfululizo kabla ya kufungwa. Kasisi husimama, hutaja anayeoa na anayeolewa, kisha huuliza kama kuna mtu anayejua kizuizi. Jumapili ya kwanza walitangazwa, na dereva akajipigia makofi mwenyewe, watu wakacheka mpaka kasisi akacheka. Jumapili ya pili wakatangazwa, hakuna aliyepinga. Katikati ya juma lile lori lilikatika breki kwenye mteremko, na dereva hakutoka humo akiwa hai. Jumapili ya tatu kasisi alifika mahali pa matangazo, akakohoa, akazungumzia bati za paa.

Kumzika pia alikataa. Alisema marehemu alikuwa anaishi na mwanamke bila ndoa, na mikono yake imefungwa. Mwinjilisti mmoja mzee ndiye aliyeomba kaburini, kwa huruma yake tu. Na kabla udongo haujakauka, kasisi akamwita mjane, ambaye kwake yeye hakuwa mjane, akamweleza masharti ya kurudi kundini: asimame mbele ya watu wote, aseme aliishi katika uasherati na fulani, aseme anatubu. Dakika mbili tu, halafu yaishe.

"Dhambi ninazo nyingi, na nitazitaja zote," alimjibu. "Lakini hiyo si mojawapo. Yule alikuwa mume wangu. Soma tangazo la tatu."

Kasisi alicheka. Alicheka kweli, meno nje. "Mwanangu, nani anamwoza maiti?"

"Sikuombi uniozeshe. Nakuomba umalize ulichoanza."

Hilo ndilo alilolitaka maisha yake yote, wala hakuwahi kuongeza juu yake hata neno moja. Hakutaka kusamehewa. Alitaka lile la tatu lisomwe, kwenye mimbari ya kanisa, kwa sauti ile ile ya kutangaza ndoa za watu, ili mume wake aache kuwa dhambi. Kila kasisi mpya aliyekuja alimwendea. Mmoja alisema hilo ni la askofu. Mmoja alimhurumia akampa sukari. Mmoja alisema ataliombea, na kila aliyekaa kanisani anajua jambo likishaahidiwa kuombewa limekwisha.

Hapa nitasema jambo ambalo mwenyewe huniwia vigumu kulisema bila kupandisha sauti. Kanisa hilo hilo lililomfungia Meza ndilo lililompa kazi ya kufua vitambaa vya Meza. Alikuwa dobi, na dobi mzuri kuliko wote waliokuwapo. Nta ya mshumaa aliitoa kwa karatasi na pasi ya moto, divai aliitoa kwa chumvi na maji yanayochemka, na kanzu nyeupe zilitoka mikononi mwake zikiwa na ubuluu kidogo, kama zinavyotakiwa. Kila Jumatatu mtunza madhabahu alimletea furushi, na kila mara alikumbusha kwamba maji ya kwanza ya vitambaa vilivyogusa mkate na divai hayamwagwi mtaroni. Humwagwa kwenye udongo safi, kwa heshima. Naye aliyamwaga hivyo, chini ya ukuta, miaka nenda miaka rudi. Mikono yake ilionekana safi ya kutosha kushika kitambaa kilichofuta kikombe. Mdomo wake ndio walioukataa.

Mtoto alibatizwa mikononi mwa mama yake mdogo, dada wa Mama Dobi, kwa sababu mama aliyetengwa haruhusiwi kusimama penye maji. Yeye alichungulia dirishani. Mtoto alipopata akili akauliza mbona mama haendi mbele na wenzake. Mama hakumficha. Alimweleza habari za baba yake, za makofi aliyojipigia, za tangazo la kwanza na la pili.

"Nikiwa mkubwa," mtoto akasema, "la tatu nitalisoma mimi."

Maneno ya mtoto yule ndiyo yaliyomsomesha. Mama Dobi alifua mashuka ya nyumba ya wageni, sare za hospitali, suruali za watu asiotaka hata kuwasalimu, mpaka vidole vikapasuka, na kijana akaenda chuo cha theolojia. Akawa shemasi. Akawa kasisi. Alipokuja kuongoza ibada yake ya kwanza katika kanisa la nyumbani, mama yake alikaa benchi la nyuma, akingoja. Wakati wa matangazo ulipofika, kasisi mpya alitangaza mazoezi ya kwaya. Akatangaza kikao cha vijana. Akafunga daftari, akasema, "Tuimbe."

"Mama, hakuna kifungu kinachoniruhusu," alimwambia baadaye, wakinywa chai. "Mimi ni kasisi mchanga. Nipe nafasi nipate parokia yangu."

Alipata parokia yake. Akasema asubiri kwanza azoeleke. Alipozoeleka akachukuliwa kuwa katibu wa dayosisi, na katibu, alisema, hana mimbari. Akafanywa kanoni, cheo cha heshima katika kanisa kuu, na kanoni, alisema huku akicheka kidogo, ni pambo tu. Ndivyo alivyopanda. Wengine hupanda kwa kuhubiri, wengine kwa kuombea wagonjwa. Mwana wa Mama Dobi alipanda kwa kutomuudhi mtu. Kila ngazi aliyoikanyaga alihakikisha haipigi kelele. Alizijua kanuni za kanisa nje ndani, na watu walipogombana walimwita yeye, kwa sababu angetafuta maneno ambayo kila upande ungeyasikia unavyotaka.

Na alipokuwa askofu, mwenye fimbo mkononi na kiti chake mwenyewe katika kanisa kuu, mtu ambaye juu yake katika dayosisi ile hakukuwa na wa kumwambia hapana, alisema, "Mama, wakiona naanza na mama yangu, watasema napendelea. Ngoja sinodi." Sinodi, mkutano mkuu wa dayosisi, ikaja ikapita. Ikaja nyingine. Mama Dobi akaacha kuuliza. Aliendelea kumfulia majoho yake, kwa sababu hakuna mwingine aliyejua kuisimamisha mikunjo ile, na kwa sababu mtoto ni mtoto.

Sasa siku moja mpishi wa shule alikuja kibandani kwake na gauni jeupe la binti yake, limejaa tope kwenye pindo. Mwanamke mpole, anayeongea akitazama vidole vyake. Alisema binti amepata kipaimara juzi, mvua ikawakuta njiani, akauliza kama tope litatoka.

"Litatoka," Mama Dobi alisema. "Hongera. Nani alimwekea mikono?"

"Baba Askofu mwenyewe."

"Ulipata mahali pazuri pa kukaa, ukamwona?"

"Mimi nilisimamishwa mbele," alisema.

Halafu akaeleza, pole pole, kama mtu anayeeleza habari za mvua. Mwanamume aliyekuwa akiishi naye, baba wa binti, aliugua na kufa hospitalini kabla hawajafunga ndoa. Kwa hiyo alikuwa ametengwa. Siku ya kipaimara, wazee wa kanisa walimwambia Baba Askofu kwamba mama wa mmoja wa watoto bado hajatubu. Baba Askofu akamwita, mbele ya watu wote, binti amesimama palepale na gauni lake jeupe, akamwomba aseme yale maneno ili mambo yaende kwa utaratibu.

"Alikuwa mpole sana," mpishi alisema. "Alinishika mkono."

"Ukasema?"

"Ningefanyaje, mama yangu? Mtoto alikuwa ananitazama."

"Ulimwitaje mumeo?"

Mpishi alikunja kona ya gauni, akaikunjua. "Nilimwita walivyotaka nimwite."

Mama Dobi aliweka pasi juu ya jiwe lake. Akaketi kwenye gunia la mkaa, na mkaa ukamchafua asijali. Alikuwa amemkasirikia yule kasisi wa zamani hadi alipokufa, na hata baada ya hapo. Aliwakasirikia wazee wa kanisa, kwaya, na bwana yule wa sauti nene. Lakini hasira ya siku hiyo ilikuwa mpya, nayo haikuwa na mahali pengine pa kwenda ila kwa mwanawe. Muda wote huo alidhani kijana ni mwoga tu. Mwoga unaweza kumwonea huruma. Sasa alijua kwamba maneno ambayo yeye alikataa kuyasema, tumboni akiwa amembeba mtoto huyu, mtoto huyu amekua na sasa anawasemesha wanawake wengine.

Pembeni kulikuwa na furushi la majoho ya askofu. Jumapili ilikuwa ibada ya kufungua sinodi, na maaskofu wa jirani walikuwa wamealikwa. Dereva wa askofu alipokuja kuyachukua, alikuta furushi limefungwa vilevile alivyolileta, na harufu yake ya jasho.

"Mbona hayajafuliwa, Bibi?"

"Mwambie Baba Askofu nguo zake zinarudi kama zilivyokuja. Dobi ametengwa."

Alikuja mwenyewe, mchana uleule, bila dereva, gari limeegeshwa vibaya nusu barabarani. Aliinama kupita chini ya kamba za nguo, shuka la mtu likamfuta uso. Mkononi alikuwa na kisanduku kidogo cheusi, kile wanachobebea mkate na divai za wagonjwa. Aliketi kwenye kigoda akiwa na kola yake ya kikasisi na viatu vyake vinavyong'aa, akakiweka kisanduku juu ya meza ya kupigia pasi.

"Mama," alisema, "nimefikiri sana njiani. Tuyamalize leo. Nitakupa Ushirika mimi mwenyewe, hapa hapa, sisi wawili. Hutaulizwa chochote. Hutasema chochote."

Mama Dobi alikitazama kisanduku. "Hiki si cha wagonjwa?"

"Ni cha wasioweza kufika kanisani."

"Mimi nafika. Nafika kabla yako."

"Mama, tafadhali."

"Unaniletea Meza ya Bwana kwa mlango wa nyuma, Baba Askofu?"

Hakupenda mama yake amwite hivyo, na mama alijua. Alijipangusa paji la uso. Akaanza kueleza, kwa sauti yake ile ya vikaoni, kwamba jambo ni zito, kwamba maaskofu wenzake wana macho, kwamba kuna watu ndani ya sinodi wanaomtafutia sababu, kwamba kanuni hubadilishwa kwa hatua. Mama alimwacha aseme mpaka akaishiwa.

"Yule mpishi umemfanya amtukane mumewe mbele ya mwanawe," alisema. "Kasisi wangu alijaribu kunifanyia hivyo mimi, akashindwa. Wewe umefaulu. Hongera."

"Nilifuata utaratibu! Sikuutunga mimi!"

"Na baba yako? Naye ni utaratibu? Alikukosea nini mpaka unamruka kwenye wasifu wako kama mtu anaruka dimbwi?"

Hapo askofu alisimama, na kigoda kikaanguka. Jirani aliyekuwa anaanua nguo upande wa pili aliacha kuanua. "Unajua shuleni waliniitaje?" alifoka, na haikuwa tena sauti ya vikaoni. "Tangazo la Pili! Tangazo la Pili njoo ufute ubao! Mpaka chuoni lilinifuata! Wewe ulikaa kwenye benchi lako na msimamo wako, na mimi nikakaa nalo jina! Nilitaka jambo hili life, Mama! Basi! Nilitaka life tu!"

Walitazamana. Walikuwa wanafanana sana wakikasirika, pua zao zote mbili zikitanuka, na labda kama mmoja wao angecheka mambo yangeishia hapo. Hakuna aliyecheka.

"Kwa hiyo ulinionea haya mimi," mama alisema.

"Sikusema hivyo."

"Umesema. Na mimi nikakupigia pasi." Aliokota kigoda, akakisimamisha. "Chukua kisanduku chako. Mimi si mgonjwa."

Askofu aliondoka bila kuaga. Mama Dobi alisikia gari likikataa kuwaka, kisha likawaka. Jirani aliendelea kuanua nguo kwa bidii isiyo ya kawaida.

Ile Jumapili alikaribia kutokwenda. Alivaa, akavua, akavaa tena, akijiambia kwamba asipokwenda watasema amekimbia, na yeye hakuwahi kuwakimbia. Kanisa kuu lilijaa hadi uani. Kwenye benchi la nyuma alimkuta mpishi wa shule, amekuja kwa ajili ya binti anayeimba kwaya, amekaa hapo kwa mazoea ingawa sasa alikuwa ameruhusiwa kukaa popote. Wakasogezeana nafasi. Maandamano yakaingia, maaskofu wageni na majoho yao, na nyuma yao mwanawe, joho lake limekunjamana mikononi kana kwamba alilala nalo. Mtu aliyelifua hakujua kazi. Mama Dobi aliona, na licha ya yote ilimkera kama dobi.

Nyimbo ziliimbwa, masomo yakasomwa, akahubiri askofu mgeni, tena akahubiri sana. Ukafika wakati wa matangazo. Katibu alikuwa tayari ameshika karatasi zake, amefungua mdomo, ndipo askofu alipoinuka kwenye kiti chake, akamgusa bega, akachukua kipaza sauti. Hakuwa na karatasi.

"Kuna tangazo ambalo kanisa letu lilianza kulisoma likaliacha njiani," alisema. "Lilisomwa mara mbili kabla sijazaliwa. Nilipokuwa mtoto niliahidi kulisoma mara ya tatu. Nimekuwa kasisi, nimekuwa kanoni, nimekuwa askofu wenu, na kila mara nimeliruka, kwa sababu niliogopa mtakavyonitazama. Mnavyonitazama hivi."

Watu walikuwa wanageukiana. Mama Dobi hakusogea. Alikuwa ameushika ukingo wa benchi la mbele yake.

"Ninatangaza ndoa," askofu alisema, "kati ya baba yangu, aliyekuwa dereva wa lori, na mama yangu, dobi, aliyekaa benchi la mwisho karibu na mlango kwa sababu tulimweka huko. Hii ni mara ya tatu na ya mwisho. Kama kuna mtu yeyote anayejua kizuizi cha haki, aseme."

Halafu, bila shaka, akasimama mwenyekiti wa wazee wa kanisa, mzee wa suti ya kahawia ambaye hajawahi kuacha jambo lipite. "Baba Askofu, kwa heshima zote," alisema, "bwana harusi ni marehemu!"

Wengine walicheka kwa hofu. Askofu hakucheka.

"Mzee, hicho si kizuizi. Hicho ni kisingizio, na mimi mwenyewe nimekitumia kuliko wewe. Kuna mwingine?"

Hakukuwa na mwingine. Mzee alibaki amesimama, asijue aketi vipi.

"Basi limesomwa," askofu alisema. "Na mama niliyemsimamisha siku ya kipaimara cha binti yake, nikamlazimisha amwite mumewe dhambi, mimi ndiye niliyetenda dhambi siku ile, na natubu mbele yenu, hapa nilipomsimamisha. Kuanzia leo katika dayosisi hii hakuna mjane atakayeambiwa aseme maneno yale. Vikao vya sinodi vinaanza kesho. Mwenye neno nami atanikuta."

Watu wa safu nzima ya kati waliinuka wakatoka, viatu vyao vikilia sakafuni kwa makusudi. Askofu mgeni aliyehubiri alikuwa anachunguza pete yake. Mpishi wa shule alikuwa amejifunika uso kwa viganja vyote viwili na mabega yanamtikisika. Mama Dobi alimshika goti, lakini macho yake yalikuwa mbele. Alikuwa amelisikia. Kwa sauti ya kutangaza ndoa za watu, mbele ya kanisa zima, lilikuwa limesemwa, na yeye bado alikuwa na hasira. Alidhani likisomwa tu itamtoka. Haikumtoka.

Mkate na divai vikabarikiwa. Na kabla mtu yeyote hajakaribia, askofu alichukua mkate akashuka ngazi, akaanza kutembea katikati ya kanisa kwenda nyuma, kwa mama yake. Watu walianza kutoa machozi, maana watu hupenda mambo ya namna hiyo. Mama Dobi alisimama, akanyoosha kiganja mbele kama askari wa barabarani.

"Rudi huko!" alisema, na hakuhitaji kipaza sauti. "Mimi sitaletewa!"

Askofu alisimama pale alipokuwa. Kisha akageuka, akarudi kupanda ngazi, na Mama Dobi akamshika mpishi mkono. Walitoka kwenye benchi wakaanza kwenda mbele. Lilikuwa kanisa refu, na magoti yake hayakuwa ya jana. Mwenyekiti wa wazee alikuwa ameketi mwisho wa safu yake, miguu ameinyoosha njiani, anatazama dari.

"Toa miguu," Mama Dobi alimwambia, naye akaitoa.

Alipiga magoti kwa shida, mpishi akiwa kando yake. Mwanawe alifika mbele yake na mkate, na joho lile baya. Alifungua kinywa kusema maneno yanayosemwa.

"Umechelewa," mama yake alimwambia.

"Ndiyo, Mama."

Mama Dobi akaweka mkono wa kulia juu ya wa kushoto, kama alivyofundishwa alipokuwa msichana, akaukunjua, akangoja apewe.